Bonyunyu: Ukuta Kwanza au Mfereji Kwanza?

Mvua ya Gusii haina ubahili. Inaanza Machi, miaka mingine hata Februari, inapungua Juni, kisha inarudi Septemba na kuendelea hadi Novemba. Sehemu nyingi za Kisii na Nyamira hupata zaidi ya milimita 1,500 kwa mwaka, na karibu kila bonde lina kijito chake. Hata hivyo, katika nyumba za kupanga za Kisii Mjini, Keroka na Nyamira, mara nyingi mfereji ukifunguliwa hutoa hewa tu.

Mto mkubwa unaoyabeba maji hayo ni Gucha. Unaanzia vilima vya Kiabonyoru kule Nyamira, unapita Kisii na kuteremka hadi Migori, ambako Waluo wanauita Kuja. Huko unapokea maji ya mto Migori, kisha unaingia Ziwa Victoria baada ya mwendo wa kilomita 149 hivi. Kwa miaka mingi kumekuwa na mpango wa kuuzuia Bonyunyu, upande wa Nyamira karibu na mpaka wa Kisii, ili miji ya kaunti zote mbili ipate maji ya kudumu. Bwawa hilo, ambalo nyaraka za serikali huliandika Bunyunyu, lilitajwa miongoni mwa mabwawa ya ukubwa wa kati ya Ruwaza ya 2030, iliyozinduliwa mwaka 2008. Tangu hapo limeahidiwa, limepingwa, likagombaniwa na wanasiasa wa kaunti mbili, likaahidiwa tena.

Wasemaji wa mjadala huu nimewabuni mimi, lakini hoja zao ni za kweli, na ni nadra kukutana. Malalamiko ya mji hubaki mjini, ya shamba huishia kwenye baraza la chifu, na ya mhandisi hufungiwa ndani ya ripoti. Hapa nimeziweka uso kwa uso. Nami nina upande wangu, na pale itakapobidi nitausema.

MPANGAJI WA KISII MJINI: Naomba nianze, kwa kuwa mimi ndiye ninayeambiwa nisubiri. Nakaa orofa ya nne. Maji yakija, huja usiku. Mtu wa kwanza kuyasikia anagonga milango, sote tunaamka na kujaza kila kinachoshika maji: mitungi, beseni, sufuria za ugali, ndoo ya kuogeshea mtoto. Yasipokuja, kijana wa mkokoteni hupandisha mtungi wa lita 20 hadi mlangoni, na kila ngazi ina bei yake. Yametoka chemchemi safi au yamechotwa chini ya daraja? Simuulizi, maana jibu lake halitaniondolea kiu. Kwa hiyo nikisikia mtu anapinga bwawa, najua huyo ana chemchemi nyuma ya nyumba.

MZEE WA BONYUNYU: Chemchemi ninayo, mama, wala siwezi kukudanganya. Na shida yako naielewa, kwa kuwa binti zangu wawili wanapanga huko huko mjini na wananisimulia hayo hayo. Lakini wewe unaliona bwawa kama maji. Mimi naliona kama shamba. Acha nikueleze shamba letu lilivyo, kwa sababu wanaokuja na ramani hawaoni.

Mashamba yetu ni marefu na membamba. Yanaanza juu mgongoni mwa kilima, palipo na barabara, na kuteremka hadi mtoni. Juu kuna nyumba na makaburi ya wazee. Chini yake kuna majani chai. Chini ya majani chai kuna mahindi na ndizi, halafu mabingobingo ya ng'ombe. Ukifika kabisa mtoni, kuna nduma, sukuma wiki na mikaratusi. Sasa mpimaji anakuja na kusema, mzee, maji hayatafika nyumbani kwako, yatachukua kipande cha chini tu. Kipande cha chini tu! Januari na Februari, kila kitu kikikauka juu, pale chini ndipo tunapokula. Mboga inatoka pale. Karo ya shule ikikwama, tunakata mikaratusi tunauza nguzo. Ukikata shamba langu hapo, unaniachia nyumba na njaa, halafu unanilipa kwa vipimo vya ekari kana kwamba ekari zote ni sawa.

MHANDISI WA MAJI: Mzee wangu, hilo la vipande vya chini nimelisikia mara nyingi na ni kweli kabisa. Nami naomba nieleze kwa nini tunakuja mtoni kwako hata hivyo. Maji mengi ya Kisii Mjini hutoka Kegati, hapo hapo kwenye Gucha. Mtambo wa Kegati hauna ghala. Unachota kile mto unachopitisha siku hiyo. Mto ukipungua, mji unakosa. Mto ukijaa, maji yanakuja mekundu kwa tope, inabidi tumwage shabu nyingi kulituliza, na wakati mwingine tunasimamisha mashine. Kwa hiyo mji unaumia kiangazi na unaumia mvua. Bwawa kazi yake ni kuweka maji ya Aprili yatumike Januari, na kuyapa muda wa kutulia kabla ya kuingia kwenye mtambo. Tena chanzo kikiwa juu kuliko mji, maji huteremka yenyewe. Kila mita tunayosukuma kwa pampu ni bili ya umeme, na bili hiyo mwishowe anailipa huyu mama wa orofa ya nne.

MZEE: Basi chimba visima. Au wape matangi. Mvua si inanyesha hadi mjini?

MHANDISI: Kwa kijijini unasema kweli. Bati la mita 30 za mraba, kwa mvua ya milimita 1,500, linapokea lita 45,000 kwa mwaka. Hata tukipoteza sehemu ya tano, zinabaki lita 36,000. Familia yenye tangi zuri na chemchemi iliyokingwa haihitaji bwawa. Lakini nyumba ya kupanga yenye paa la mita 200 za mraba na watu 60 ndani, hata ikivuna kila tone, ni lita 300,000 kwa mwaka. Gawa kwa watu, gawa kwa siku: mtu anapata chini ya lita 14. Hapo hajafua, na choo hakijaguswa. Mji hauwezi kuishi kwa mapaa.

Hesabu hii ya mhandisi naikubali, na ndiyo inayonifanya nisiwe miongoni mwa wanaosema bwawa lisijengwe kamwe. Sensa ya 2019 iliwakuta watu 1,266,860 Kisii na 605,576 Nyamira, na miji yao inaendelea kupokea vijana ambao mashamba ya nyumbani hayatoshi tena kugawanywa. Vijana hao watafua na kupika kwa maji gani?

Lakini sensa hiyo hiyo inambeba mzee. Kisii ina wastani wa watu zaidi ya 950 kwa kila kilomita ya mraba, na Nyamira zaidi ya 670. Bwawa la Masinga, mtoni Tana, lililokamilika 1981, lina eneo la kilomita za mraba 120 hivi. Kwa msongamano wa Nyamira, eneo kama hilo lingekuwa makao ya watu 80,000. Hakuna anayependekeza bwawa la ukubwa huo Bonyunyu, ila hesabu inaonyesha kwamba uzoefu wa Kenya wa mabwawa makubwa kwa sehemu kubwa umetoka nchi kame, yenye nafasi na watu wachache. Gusii hakuna mahali patupu. Kila mita ya maji itakayopanda itapanda juu ya kitu cha mtu.

BINTI WA SHAMBA: Mzee amesema mtu. Mimi nauliza, mtu gani? Hatimiliki ya shamba letu ina jina la babu, na babu alifariki zamani. Baba na ndugu zake waligawana kwa kupanda miti ya mpaka, hawakwenda mahakamani. Sasa fidia ikija, Tume ya Kitaifa ya Ardhi itamtafuta mwenye jina, na mwenye jina yuko kaburini. Hapo ndipo ami ambaye hajalima pale tangu aende Nairobi anatokea na wakili. Mama yangu, ambaye mikono yake ndiyo iliyopanda ile nduma, hana karatasi. Mimi niliyerudi nyumbani baada ya ndoa kuvunjika, ninalima kipande kilekile cha chini, sina hata wa kunitaja. Bwawa halijajengwa na tayari wanaume wa ukoo wetu hawasalimiani.

MZEE: Binti yangu, hayo ni ya nyumbani.

BINTI: Yalikuwa ya nyumbani, Mzee, hadi serikali ilipopiga hodi. Katiba haitaji wanaume peke yao. Na anayelima bila jina naye akihamishwa anahama na tumbo lake.

Hapa binti amegusa mahali ambapo miradi mingi hufia kimyakimya. Kifungu cha 40 cha Katiba ya 2010 kinataka fidia iwe ya haki, ilipwe yote, tena ilipwe bila kuchelewa. Na kinaruhusu hata wanaoikalia ardhi kwa nia njema bila hati walipwe. Kisha Sheria ya Thamani ya Ardhi ya 2019 ikaja kufafanua huko kutochelewa, ikasema fidia inaweza kulipwa hadi mwaka mmoja baada ya serikali kuitwaa ardhi. Mwaka mmoja! Mtu wa Bonyunyu anayetegemea sukuma wiki ya mtoni hana akiba ya mwaka mmoja. Na mwaka huo huhesabika kwa wenye karatasi safi. Kwa ambao mirathi haijafanywa, unaweza kuwa miaka kumi. Mtu akiniuliza kazi ya kwanza ya bwawa la Bonyunyu ni ipi, nitamwambia ni meza ya mirathi: hakimu, msajili wa ardhi na chifu wakae pale pale kijijini, bila ada, hadi kila kipande kiwe na jina la anayekilima. Saruji ifuate baadaye.

MPANGAJI: Hiyo meza yenu itachukua miaka mingapi, nami nikiwa kwenye ngazi na mtungi?

MHANDISI: Mama, ukuta unaojengwa kabla ya meza hiyo huchukua miaka mingi zaidi. Kesi moja tu ya ardhi inaweza kusimamisha matingatinga. Angalia mabwawa yaliyotajwa pamoja na letu kwenye Ruwaza ya 2030, yakakwama: Badasa kule Marsabit, Umaa kule Kitui. Itare je, kule Kuresoi? Hilo ni jirani kabisa, mto wake unaingia Sondu. Ujenzi ulianza 2017. Mwaka uliofuata ukasimama, mkandarasi wa Italia alipoishiwa na fedha. Watu walishahamishwa. Sisemi kwamba fidia ndiyo iliyoua Itare. Nasema tu kwamba bwawa lililoanza si bwawa lililokamilika, na aliyetoa ardhi huwa ameshaitoa.

MZEE: Unaona! Hata wewe unajua.

MHANDISI: Najua. Ndiyo maana nakaa nawe hapa.

MZEE: Basi nijibu hili pia, kijana. Likikamilika, maji yataenda wapi? Ndugu zetu wa Murang'a walitoa bonde la Ndakaini. Lile bwawa limekuwa likinywesha Nairobi tangu miaka ya tisini. Nenda vijiji vinavyolizunguka, ukaulize mifereji. Wamelalamika kizazi kizima kwamba maji yanawapita mlangoni. Mimi nitakaa juu ya bwawa, nalitazama, halafu mke wangu ateremke na mtungi kichwani kuchota kwa siri kwenye maji yaliyozamisha nduma yake, na askari amfukuze kwamba anachafua maji ya mji?

Nimelifikiria sana swali hili la mzee, na naamini jibu lake liko katika Katiba yenyewe, mahali ambapo watu hawapaangalii. Jedwali la Nne linaipa serikali kuu uhandisi wa maji na usalama wa mabwawa, na serikali za kaunti huduma za maji na majitaka. Kwa maneno mengine, ukuta una mwenyewe na mfereji una mwenyewe, na hao si mtu mmoja. Ukuta hujengwa chini ya wakala wa kitaifa. Kwa upande wetu ni ule wa Ziwa Victoria Kusini, wenye makao Kisumu. Mfereji husubiri kaunti mbili na kampuni ya maji ya Gusii. Ukuta una sherehe ya uzinduzi, jiwe la msingi, rais na magari. Bomba la inchi mbili linalopandishwa mlimani hadi shule ya msingi halina sherehe, na halina bajeti ya mwaka huu. Ndiyo sababu Kenya tuna ukuta hapa na pale unaosubiri mabomba, na watu wanaoishi ukingoni mwa maji wakichota kwa ndoo.

Hapa ndipo ninapotofautiana na pande zote mbili. Wanaotaka bwawa huahidi kwamba mabomba yatafuata. Wanaolikataa husema hayatafuata kamwe. Mimi nasema yatangulie. Vijiji vya Bonyunyu vipate maji ya mfereji kutoka chemchemi zilizokingwa, au kwa mtandao wa sasa kadiri unavyofika, kabla jiwe la kwanza la ukuta halijalazwa. Serikali ikishindwa kumpelekea bomba mtu ambaye inamwomba shamba, mji usitegemee kwamba itaweza kuufikishia maji ya bwawa.

MPANGAJI: Na sisi?

Nanyi vilevile. Maji mengi hupotea kabla ya kukufikia, mama, kwa mabomba yaliyochakaa na maunganisho ya wizi. Kuongeza maji kwenye mtandao unaovuja ni kuongeza mvujo.

MHANDISI: Hilo naliunga mkono, ingawa haliniletei sifa. Sasa naomba tuseme habari ya udongo, kwa sababu ndiyo inayoninyima usingizi. Mto ukiwa na kasi hubeba tope. Ukifika kwenye bwawa, kasi inakufa na tope linatua. Kila msimu linatua tena. Masinga lilipokea udongo wa mashamba ya juu kwa wingi kuliko waliolisanifu walivyotarajia. Nao walikuwa na ghala la zaidi ya mita za ujazo bilioni moja na nusu. La kwetu litakuwa dogo sana, chini ya vilima vinavyolimwa hadi ukingoni. Tunaweza kuweka mlango wa chini wa kusukuma tope nje, lakini mlango huo husafisha karibu na ukuta tu. Bwawa likijaa udongo mara chache hufukuliwa. Gharama ya kulifukua inaweza kuzidi ya kujenga jingine.

MZEE: Na utasema udongo ni wa jembe langu.

MHANDISI: Sehemu yake, Mzee. Majani chai yanashika udongo vizuri, hayo sina ugomvi nayo. Mahindi kwenye mteremko bila matuta ndiyo yanayouachia. Na mashimo ya matofali kule bondeni.

MZEE: Sikiliza basi na la kwangu. Barabara ya murumu ilipochongwa juu ya kijiji, mtaro wake ulielekezwa shambani kwangu. Maji ya kilima kizima yanakusanywa pale na kumwagwa kwenye kalivati moja, na pale penye kalivati sasa kuna korongo ambalo ndama alitumbukia. Nikichimba matuta kumi, mtaro huo unayabomoa kwa mvua moja. Mkandarasi wa barabara hakuniuliza. Ukihesabu udongo wa mto, mhesabu na yeye.

MHANDISI: Namhesabu. Umenishinda hapo.

Jambo la mikaratusi nalo halikwepeki. Mwaka 2009 aliyekuwa waziri wa mazingira, John Michuki, aliagiza ing'olewe kandokando ya mito na chemchemi kwa sababu inafyonza maji mengi. Baadhi ilikatwa. Lakini mkaratusi ukikatwa shina huchipua upya, na miaka michache baadaye kisiki kimoja kina nguzo tatu. Tena mwenye shamba hakupewa kitu badala yake. Huwezi kumwambia mtu aache karo ya mtoto izame mtoni kwa amri ya redioni.

Kuna njia iliyojaribiwa, nayo iko hapa hapa Kenya. Tangu 2015, Mfuko wa Maji wa Tana ya Juu na Nairobi unachukua michango ya wanaotumia maji huko chini, zikiwemo kampuni kubwa za mjini, na kuipeleka kwa wakulima wa juu kwa njia ya miche, nyasi za kushika matuta na vidimbwi vya kuvuna mvua. Mkulima anapata mabingobingo ya ng'ombe na udongo wake unabaki shambani. Nairobi inapata maji yasiyo na tope jingi. Kwa nini Gucha isiwe na mfuko wake? Kila bili ya maji ya Kisii Mjini iwe na shilingi chache za Kiabonyoru na Bonyunyu, zikatwe waziwazi, zilipwe kwa anayepanda mianzi badala ya mikaratusi na kuyatunza matuta yake. Hapo mzee hatakuwa mtu aliyefidiwa mara moja akasahauliwa. Atakuwa mlinzi wa maji mwenye mshahara.

MPANGAJI: Ninanunua mtungi kwa mkokoteni kila juma. Shilingi chache kwa mzee hazitaniua, mradi maji yaje.

MKULIMA WA NYATIKE: Jirani zangu wa milimani, mmezungumza kana kwamba mto unaishia Kisii Mjini. Sisi wa Kuja chini tupo. Mvua ikinyesha kwenu, sisi tunalala juu ya vitanda vilivyoinuliwa kwa matofali, maana mto unatoka kingoni usiku. Kiangazi, tunapigania maji ya mifereji ya umwagiliaji. Hata umeme wa Gogo, ule mtambo mdogo wa megawati 2 uliojengwa miaka ya hamsini kwa ajili ya mgodi wa Macalder, unategemea mto huu. Wakati wa mvua samaki wetu, ningu, hupanda mto kutaga mayai. Tumeambiwa bwawa litazuia mafuriko. Ni kweli?

MHANDISI: Nikujibu kwa uaminifu: kidogo sana. Bwawa la kuzuia mafuriko linatakiwa libaki na nafasi tupu ya kupokea maji. Bwawa la maji ya kunywa linatakiwa libaki limejaa. Huwezi kuwa na yote mawili kwenye bwawa dogo. Tena Bonyunyu iko karibu na chimbuko; maji mengi yanayokufurikia yanaingia mtoni chini ya hapo.

MKULIMA WA NYATIKE: Asante kwa kunieleza, maana wanasiasa hawakunieleza. Basi msiliuze kwetu kwa jina la mafuriko. Nami nataka kujua kiangazi mtatuachia kiasi gani.

Sheria ya Maji ya 2016 inamlinda mkulima huyu: kabla ya yeyote kupewa kibali cha kuchota, mto lazima ubakiziwe maji ya mahitaji ya msingi ya watu na ya viumbe vyake. Mamlaka ya Rasilimali za Maji ndiyo yenye kazi hiyo. Lakini sheria isiyo na kipimo mtoni haimlindi mtu. Watu wa Nyatike wadai kipimo kilicho wazi chini ya ukuta, kinachosomwa hadharani kila siku, na haki ya kukisoma wao wenyewe.

MUUGUZI: Nina neno fupi. Miaka ya tisini malaria ilituua milimani kwa mikurupuko, na iliwashika zaidi waliokaa karibu na mabonde. Maji ya bwawa yakipanda na kushuka huacha vidimbwi kwenye kingo bapa, na hapo mbu huzaa. Kingo zisafishwe, vyandarua vigawiwe, na zahanati iwe kwenye bajeti ya mradi tangu mwanzo. Na mkijenga ukuta, wekeni king'ora na mwonyeshe watu njia ya kukimbilia. Kule Solai, Mei 2018, bwawa la udongo kwenye shamba la kibinafsi lilipasuka usiku, likaua watu wasiopungua 47.

Kuhusu ugomvi wa Kisii na Nyamira, nani apewe jina la bwawa, ofisi iwe wapi, ajira ziende kwa nani, sina mengi. Kaunti hizi zilikuwa wilaya moja hadi mwishoni mwa miaka ya 1980, na wanaokaa mpakani wameoana kiasi kwamba mpaka unapita kati ya vitanda. Magavana wakubaliane juu ya bei ya maji na mgawo wake, waandike, watie saini, wananchi waone. Yaliyobaki ni ya majukwaani.

MHANDISI: Mzee, nikuulize waziwazi. Mirathi ikifanywa kijijini. Fidia ikilipwa kabla ya tingatinga, nacho kipande cha chini kithaminiwe kwa mboga na nguzo zinazotoka pale, si kwa ekari tu. Mfereji ukifika kwako kwanza. Utakubali?

MZEE: Nitakubali kuzungumza. Kukubali kabisa nitashauriana kwanza na ndugu zangu, na safari hii huyu binti atakaa nasi kikaoni, amenifundisha kitu. Makaburi nayo yana taratibu zake, hayahamishwi kwa barua. Lakini nikuulize nawe: ratiba ya namna hiyo, umewahi kuiandika?

MHANDISI: Kuiandika naweza. Mabomba ya Bonyunyu mwaka wa kwanza, matuta na mitaro ya barabara mwaka wa kwanza na wa pili, ukuta baada ya hapo. Kinachonishinda ni pesa. Wafadhili hupenda ukuta, na Hazina ya Taifa hutoa fedha kwa kinachoonekana.

BINTI: Basi iandike, ibandikwe kwa chifu na kwa kampuni ya maji mjini, kwa Kiswahili na kwa Ekegusii, tuisome kabla ya kikao cha kushirikisha umma, tusije kusomewa siku hiyo hiyo.

MPANGAJI: Nami nitakuja kwenye kikao hicho, ingawa ni cha Bonyunyu. Nitaleta wapangaji wenzangu. Tumezoea kuja kusema tunataka bwawa. Safari hii tutasema tunataka mzee alipwe kwanza, na tutaiambia hivyo Hazina.